Uso wa Pili wa Mizani

Mizani ya kununulia pamba ina uso mmoja, na kwa sehemu kubwa ya historia ya Kanda ya Ziwa uso huo umekuwa ukimtazama mnunuzi. Mkulima wa Shinyanga alifikisha mzigo wake gulioni kwa kichwa, kwa baiskeli au kwa mkokoteni wa ng'ombe, akautundika kwenye ndoano, kisha akasubiri karani atamke namba. Namba ikishatamkwa iliandikwa, na ikishaandikwa ikawa ndiyo pamba yenyewe. Iliyokuwamo guniani haikuwa na pa kujitetea. Kiswahili cha nchi hii kina msamiati mzima wa balaa hilo: kupunja, kuchezea mizani, lumbesa, na siku hizi kuchakachua. Ninachotaka kuonyesha hapa ni kwamba ugomvi wa mizani katika ukanda huu, kwanza wa pamba na baadaye wa dhahabu, haukuwahi kuwa hasa ugomvi wa chuma na springi. Swali lilikuwa nani ana haki ya kuisoma. Ndiyo maana moduli ndogo ya Bluetooth iliyounganishwa na bodi ya Arduino, vitu ambavyo wanafunzi wa ufundi huvitumia kuwasha taa na kuendesha vigari vya kuchezea, vina mahali pake katika historia hii. Mahali penyewe ni pale pale alipokuwa amesimama, mwanzoni mwa miaka ya 1950, kijana wa kijijini aliyejua kusoma.

Tuanze na kijana huyo. Baada ya Vita Kuu ya Pili kilimo cha pamba kilipanuka kwa kasi katika Jimbo la Ziwa, lakini vinu vya kuchambulia na maduka ya kununulia vilikuwa kwa sehemu kubwa mikononi mwa wafanyabiashara wenye asili ya Asia. Bei haikupangwa gulioni. Ilitoka kwa serikali, na kuanzia 1952 kwenye bodi maalumu ya nyuzi na mbegu. Kwa hiyo mnunuzi aliyetaka kuongeza faida yake hakuwa na nafasi kubwa kwenye bei. Nafasi aliyobaki nayo ilikuwa kwenye uzito. Wakulima walilijua hilo, na walichofanya ni kitu chepesi mno hata mtu anaweza kukisoma vitabuni akakipita. Walijipanga katika vikundi, wakachangishana, wakamweka mtu wao karibu na mizani ya mnunuzi aisome namba kwa mara ya pili. Hawakuleta mizani mpya wala hawakumfukuza karani. Waliongeza jozi moja ya macho. Kutokana na vikundi vya namna hiyo na harakati zilizovizunguka, Paul Bomani na wenzake walijenga chama cha wakulima cha jimbo mwaka 1952, na mwaka 1955 ukazaliwa Muungano wa Vyama vya Ushirika vya Victoria, ambao kufikia wakati wa uhuru ulikuwa umekuwa miongoni mwa vyama vikubwa vya ushirika barani Afrika na ulimiliki vinu vyake wenyewe.

Pengine mtu atasema nakuza jambo: ushirika ulitokana na siasa, na mizani ilikuwa kisingizio tu. Lakini tazama mfuatano wa mambo. Chama cha siasa cha TANU kilianzishwa Julai 1954, na katika mwaka huo huo serikali ya kikoloni ikakataa kuandikisha matawi yake Usukuma. Zuio hilo liliendelea mpaka 1958. Katika miaka hiyo minne jumuiya kubwa iliyoruhusiwa kukusanya watu, kukusanya fedha na kuajiri makarani vijijini ilikuwa ushirika wa pamba, nao ulikuwa umeanza kabla ya chama cha siasa kufika. Watu wa Geita walipoandamana mwaka 1958 kupinga baraza la wilaya la mchanganyiko wa rangi, na wengine wakafika mpaka Mwanza kudai wasikilizwe, walikuwa wameshakaa miaka kadhaa katika vyama ambavyo kazi yao ya kwanza ilikuwa kuhakiki kilo, au tuseme ratili, maana ndiyo iliyotumika wakati ule. Mtu aliyezoea kumwambia mnunuzi "soma tena" hashindwi kumwambia Bwana Shauri, yaani ofisa wa kikoloni wa wilaya, vivyo hivyo. Sidai kwamba mizani ilileta uhuru. Nadai kwamba haki ya kusoma namba ilikuwa darasa la kwanza, na kwamba watu waliipata bila kugusa kitu kingine chochote katika biashara ile. Bei ilibaki ya bodi, chuma kilibaki cha mnunuzi.

Si mbali na magulio hayo kulikuwa na mizani ya aina nyingine kabisa. Mwaka 1940 mwanajiolojia Mkanada, John Williamson, aligundua mwamba wa almasi Mwadui, kaskazini mashariki ya mji wa Shinyanga. Mwaka 1947 likachimbwa pale jiwe la waridi la karati 54.5, ambalo Williamson alimpa Binti Mfalme Elizabeth wa Uingereza kama zawadi ya harusi; lilipokatwa likabaki karati 23.6. Uzito wa jiwe hilo ulichapishwa magazetini duniani kote mpaka nukta ya mwisho. Karati moja ni gramu 0.2, kwa hiyo jiwe zima halikufika gramu 11. Mkulima jirani wa uzio huo aliyekuwa akiuza mamia ya ratili za pamba hakuwa na njia ya kujua kama mzigo wake ulipimwa sawasawa. Usahihi haukukosekana Shinyanga. Ulikuwapo, ukiwa na wenyewe.

Sasa tufike mahali ambapo hadithi ya ushirika inaharibika, maana hapo ndipo hoja yangu inajaribiwa. Kama tatizo lilikuwa nani anasoma, basi ushirika ulipoinunua mizani tatizo lilipaswa kwisha. Halikwisha. Katikati ya miaka ya 1960 malalamiko dhidi ya vyama vyenyewe yalikuwa mengi kiasi kwamba Rais Nyerere aliunda kamati maalumu ya kuchunguza ushirika, iliyotoa taarifa yake mwaka 1966, na muungano wa Victoria ukawekwa chini ya uangalizi wa serikali, kisha ukageuzwa kuwa chama kikuu cha Nyanza. Mwaka 1976 vyama vikuu vilivunjwa nchi nzima. Vikarudishwa kwa sheria ya 1982, na Shinyanga ikapata chama chake kikuu, SHIRECU. Katikati ya miaka ya 1990 wanunuzi binafsi waliruhusiwa kurudi sokoni, na kuanzia msimu wa 2018 serikali ikairudisha pamba kupitia vyama vya msingi, AMCOS. Mwenye mizani amebadilika mara nne au tano katika maisha ya mtu mmoja. Mkulima amebaki upande ule ule wa ndoano. Kilichotokea ni kwamba yule aliyewekwa kuwa jicho la pili alikabidhiwa mizani, na tangu siku hiyo jicho la pili likakosekana. Katibu wa chama akawa karani, na karani hana sababu ya kujihakiki mwenyewe.

Na tusijifanye kwamba wizi ulikuwa wa upande mmoja. Pamba ya Kanda ya Ziwa imesemwa kwa miaka mingi kwa mchanga, maji na hata chumvi inayotiwa ndani ya marobota ili yawe mazito, na viwanda vimeumia kweli. Lakini ukiuliza mazoea hayo yalitoka wapi, jibu mojawapo halikwepeki: muuzaji asiyeamini namba atakayosomewa huitafutia fidia kabla haijasomwa. Hesabu yake ni fupi. Katika msimu wa 2019 bei elekezi ilikuwa shilingi 1,200 kwa kilo. Mizani ikipunja kilo mbili katika kila mzigo wa kilo 50, mkulima mwenye mizigo 20 amepoteza kilo 40, yaani shilingi 48,000. Kwa nyumba inayotegemea zao moja kwa mwaka, hilo linaumiza. Mchanga ni jibu baya kwa swali la haki, nao humwadhibu pia jirani aliyeleta pamba safi.

Dhahabu ilikuja na swali lile lile katika vipimo vidogo zaidi. Wajerumani waliigundua Geita mwishoni mwa karne ya 19. Mgodi mkubwa wa kikoloni ukafanya kazi kuanzia miaka ya 1930 mpaka ulipofungwa mwaka 1966. Walioendelea baada ya hapo, na wengine walioanza kabla, walikuwa wachimbaji wadogo. Bulyanhulu, katika Kahama ya wakati ule, ilivuta maelfu ya watu tangu miaka ya 1970 hadi walipoondolewa Agosti 1996 kuupisha mgodi mkubwa. Katika rashi, yaani machimbo ya wachimbaji wadogo, mgawo wa kwanza haufanyiki kwa mizani: mawe yanayotoka kwenye duara, yaani shimo, hugawanywa kwa mifuko, mwenye leseni na mwenye duara na wachimbaji kila mmoja na fungu lake, na mfuko ni kipimo kila mtu anachokiona. Ugomvi wa kupima huanza baada ya karasha kuyasaga mawe, baada ya kuoshwa mwaloni, baada ya zebaki kuchomwa, pale kinapobaki kipande kisichozidi ukucha. Mfuko wa mawe uliobebwa na watu wawili unakuwa namba kwenye kimizani kinachokaa kiganjani mwa mnunuzi, chenye kioo kidogo kama cha saa. Hapo ndipo uso wa mizani unapokuwa mdogo kuliko ulivyowahi kuwa, na thamani yake kubwa kuliko ilivyowahi kuwa. Tangu 2020 gramu moja ya dhahabu safi haijawahi kuwa chini ya shilingi 100,000. Upungufu wa gramu 0.05, ambao upepo wa feni unaweza kuuleta bila mtu yeyote kukusudia, ni zaidi ya shilingi 5,000.

Serikali haikulala. Mwaka 1990 Benki Kuu ilianza kununua dhahabu ya wachimbaji wadogo kwa bei iliyokaribia ile ya mtaani, na kwa muda mfupi dhahabu iliyokuwa ikipita mipakani kwa siri ikajitokeza. Hatua kubwa zaidi ilikuja baada ya mkutano wa Rais Magufuli na wachimbaji Januari 2019: kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 18 na kodi ya zuio ya asilimia 5 zikaondolewa kwa wachimbaji wadogo, na tarehe 17 Machi 2019 Waziri Mkuu Majaliwa akafungua soko la dhahabu Geita, la kwanza la aina yake nchini. Kahama na miji mingine ikafuata. Ndani ya soko dhahabu hupimwa mbele ya ofisa, usafi wake ukakaguliwa kwa mashine ya miale, mrabaha na ada ya ukaguzi, ambazo mwaka 2019 zilikuwa asilimia 6 na asilimia 1, zikatolewa wazi. Ukilitazama vizuri, soko hilo ni wazo la miaka ya 1950 lililovaa sare ya serikali: mtu wa tatu anasoma namba. Ni wazo jema. Upungufu wake ni kwamba jicho liko mjini, na mizani ya kwanza iko mwaloni. Dhahabu nyingi hubadilisha mikono mara moja au mbili kabla ya kufika kwenye dirisha la ofisa, na mchimbaji aliyetoka shimoni kwa kawaida yuko kwenye mkono ule wa kwanza.

Hapa ndipo moduli inapoingia, nayo ina ukoo mrefu kuliko umbo lake. Kanuni inayoiendesha, ya kutuma alama moja baada ya nyingine katika njia moja nyembamba, ni ya zama za simu ya maandishi; kasi yake hadi leo inatajwa kwa jina la Mfaransa Émile Baudot, aliyetengeneza mfumo wake wa telegrafu katika miaka ya 1870. Mwaka 1960 Wamarekani waliweka kanuni za kuunganisha mashine kwa njia hiyo, zikaitwa RS-232, na mizani nyingi za kidijitali za biashara bado zina tundu la aina hiyo mgongoni. Mwaka 1994 wahandisi wa Ericsson huko Sweden walianza kutafuta namna ya kuung'oa waya huo na kuweka redio ya masafa mafupi mahali pake. Jina la muda ambalo kazi hiyo ilikuja kupewa, Bluetooth, la mfalme wa Denmark wa karne ya 10, halikuondoka tena. Leo linatajwa katika miji ya dhahabu ya Katoro na Kakola na watu wasio na habari na Denmark, ambao wana kitenzi chao wenyewe kwa kazi yake: kurusha. "Nirushie huo wimbo." Bodi ya Arduino ilizaliwa mwaka 2005 katika mji wa Ivrea, Italia, kwa ajili ya wanafunzi wasiokuwa wahandisi. Moduli iitwayo HC-05 ikaja kuviunganisha vyote: upande mmoja inaongea lugha ya waya ya Baudot, upande wa pili inarusha hewani, na simu ya Android inaipokea kama vile kuna waya katikati.

Kazi yenyewe haina uchawi. Ndani ya mizani ya kidijitali kuna kipande cha chuma kilichobandikwa nyuzi nyembamba za metali. Mzigo ukikipinda kidogo, ukinzani wa umeme katika nyuzi hubadilika. Badiliko hilo dogo hukuzwa, likageuzwa kuwa namba, na namba ikatumwa herufi kwa herufi. Kwa kasi ya kawaida ya HC-05, biti 9,600 kwa sekunde, kila herufi ikihitaji biti 10, namba kama 48.50 pamoja na neno kg hupita kwa muda usiofika sehemu moja ya mia ya sekunde. Fundi anahitaji kuzingatia mambo machache: mdomo wa bodi uende kwenye sikio la moduli, volti 5 za bodi zipunguzwe kwa rezista mbili kabla ya kufika kwenye sikio hilo linalotaka volti 3.3, na kasi za pande mbili zilingane, la sivyo simu itaonyesha takataka. Redio hii hufika yapata mita 10. Wengi wangeuona huo kuwa udhaifu. Lakini mita 10 ndio umbali wa foleni ya gulio kutoka kwenye ndoano, ndio upana wa kibanda cha mwaloni. Haihitaji mnara wala bando. Mwaka 1915 Waingereza walivuka ziwa na jeshi zima kwenda kuuharibu mnara wa redio wa Wajerumani pale Bukoba, kwa sababu redio ya wakati ule ilikuwa ya wenye dola kuzungumza na wenye dola wenzao mbali. Redio ya mita 10 haina la kumfaa jenerali, ila inamtosha mtu anayetaka kujua gunia lake lina kilo ngapi.

Pingamizi zito kuliko yote linatoka kwa mafundi wenyewe, nalo linastahili jibu la kifundi. Wanasema: umefungua mlango. Mizani ya springi ilihitaji mkono wa mtu kuichezea. Mizani yenye redio inaweza kuchezewa na mtu aliyekaa kwenye pikipiki nje. Hofu hiyo si ya kubuni. Mwaka 2017 polisi wa Lucknow, India, waligundua vituo vya mafuta ambavyo pampu zake zilipandikizwa chipu zilizodhibitiwa kwa rimoti, mteja akapunjwa bila pampu kuonyesha lolote. Na neno la siri la HC-05 inapotoka kiwandani ni 1234, jambo ambalo kila mwanafunzi analijua. Lakini mawasiliano ya aina hii yana nyaya mbili, mmoja wa kusema na mmoja wa kusikia, na hakuna sheria inayomlazimu fundi kuziunganisha zote. Ukiunganisha waya unaotoka kwenye mizani kwenda kwenye moduli, na ukauacha ule unaorudi, simu itasikia namba lakini chochote itakachotuma kitaishia kwenye moduli. Hakuna njia ya shaba ya kukifikisha kwenye mizani. Mdomo upo, sikio halipo. Kinachobaki ni udhaifu wa aina mbili. Moduli hii huongea na simu moja tu kwa wakati, kwa hiyo mnunuzi anaweza kuwahi kuishika. Dawa yake ni kuweka moduli ya pili kwenye waya ule ule, ya muuzaji. Na mtu anaweza kutega kifaa cha uongo chenye jina linalofanana. Dawa yake ni ya kizamani, kulinganisha namba ya simu na namba ya kioo. Zikitofautiana, mizani isimame.

Pingamizi la pili ni la sheria. Mizani ya biashara Tanzania lazima ihakikiwe na Wakala wa Vipimo, na bodi iliyounganishwa kwa mkono mezani kwa fundi haiwezi kugeuzwa mizani ya gulio kesho yake. Ni kweli, na ni vizuri iwe hivyo, kwa sababu katika mizani ya namna hiyo uzito unatokana na mstari mmoja wa programu, ile namba ya kuzidishia, na aliyeiandika anaweza kuibadilisha bila kuacha alama ya tupa kwenye jiwe la mizani. Lakini hoja hii haihitaji mizani mpya. Inahitaji mizani iliyokwisha kuhakikiwa, lakiri yake ikiwa nzima, na tundu lake la RS-232 liunganishwe na moduli kwa kupitia chipu ndogo ya kushusha volti. Bodi hapo haipimi chochote. Inarudia tu kilichokwisha kusemwa. Vikundi vya miaka ya 1950 vilifanya hivyo hivyo: viliiacha mizani ya mnunuzi mahali pake vikaongeza msomaji.

Wapo wanaouliza ni wakulima wangapi wana simu ya kupokea. Wengi gulioni bado wana kitochi, na baadhi ya simu janja, iPhone zikiwamo, haziongei na HC-05. Swali hili lina jibu ndani ya historia yenyewe. Mwaka 1952 wakulima wengi wa Usukuma hawakujua kusoma, na hilo halikuwazuia, kwa sababu foleni nzima ilihitaji msomaji mmoja tu anayeaminika. Foleni ya leo inahitaji simu moja. Tofauti, na hii naiona kubwa, ni kwamba msomaji wa zamani aliweza kununuliwa kwa shilingi chache au kuteuliwa karani, kama ilivyokuja kutokea. Simu ya leo inaweza kuwa ya mtu tofauti kila dakika 10, ya muuzaji aliyeko zamu, na ya anayemfuata nyuma yake. Jicho la pili likihama kila mara ni vigumu kulihonga.

Pingamizi la mwisho ndilo linalonisumbua zaidi, na sitajifanya limekwisha. Mchimbaji anayemuuzia mnunuzi wa mwaloni mara nyingi amekwisha kukopa kwake: chakula cha vijana wa duara, mafuta ya pampu, magogo ya matimba. Anajua anapunjwa na anauza tu. Namba iliyo wazi inamsaidia nini aliyekwisha kujiuza? Aidha uzito si kila kitu. Kipande chenye usafi wa asilimia 80 na chenye asilimia 92 vinaweza kuwa na uzito mmoja na bei mbili, na moduli haijui usafi. Yote ni kweli. Ila mkulima wa 1950 naye alikuwa na deni dukani, bei haikuwa yake, na bado namba iliyosomwa mara mbili ilimpa kitu ambacho hakuwa nacho: rekodi. Mkopeshaji anayekata deni kwa gramu zisizojulikana ana mdeni wa milele. Mkopeshaji anayekata deni kwa gramu zilizobaki kwenye simu ya mdeni, na tarehe zake, ana mkopo wenye mwisho unaohesabika. Deni halitoweki, ila linapata kipimo, na aliyepimiwa deni anaweza kwenda nalo kwenye chama cha wachimbaji au kwa ofisa madini akiwa na cha kuonyesha.

Mizani za kidijitali zimekwisha kuingia katika biashara ya pamba na dhahabu, na zitaendelea kuingia. Zikiingia na uso mmoja, tutakuwa tumenunua chombo sahihi zaidi kwa ajili ya karani yule yule. Wakala wa Vipimo hauhitaji kusubiri sheria mpya ya Bunge ili uanze kuuliza, kabla ya kubandika stika ya uhakiki kwenye mizani ya AMCOS au ya mnunuzi wa dhahabu, kama namba yake inaonekana pia upande wa anayeuza, iwe kwa kioo cha pili, iwe kwa redio ya mita 10. Vyuo vya VETA vya Shinyanga na Geita vina vijana wanaoweza kuifunga moduli hiyo kwa saa moja. Waya wa kurudi wauache nje.